Nilivyoandika kesi ya Lord Erroll bila kumtaja muuaji

Nilipokuwa naandika skripti ya kesi ya Lord Erroll, mzungu wa cheo wa Kenya ya mkoloni, kila mtu aliniambia nitafute muuaji. "Bila muuaji hakuna stori, kaka," mmoja akanishauri, na bahati mbaya ndiye mwenye pesa. Sasa nimtoe wapi na korti yenyewe ilishindwa? Lord Erroll alikutwa amepigwa risasi ndani ya gari aina ya Buick karibu na njia panda ya Karen na Ngong, nje ya Nairobi, Januari 1941, Sir Jock Delves Broughton akashtakiwa kwa vile bibi yake alikuwa anatoka na marehemu, na Julai mosi juri ya wazungu watupu ikamwachilia. Basi.

Kilichonitoa jasho ni wakili wa Broughton. Harry Morris, aliyetolewa Afrika Kusini, aliitoboa kesi kwa mikwaruzo ambayo mtutu wa bastola huiachia risasi: zile za mauaji zilikuwa na mistari mitano imezungukia kulia, na Colt, bastola aina ile Broughton alisema ameibiwa, ina sita na inazungukia kushoto, kwa hiyo risasi hazikutoka humo. Nikamwandikia kurasa tisa za kueleza hayo, nikajiona profesa. Siku ya kusoma skripti mwigizaji wa jaji akasinzia, na hakuwa anaigiza. Nikakata zikabaki tano, bado anapiga miayo.

Dawa nilipata kwa fundi baiskeli. Msaidizi wake anakaza spana kwenye pedeli mpaka mishipa ya shingo imesimama, mzee akamfokea, "We, hiyo ni ya kushoto, inafunguka kinyume!" Nikaganda pale mdomo wazi. Nikanunua pedeli mbili kuukuu, mia mbili ama tatu hivi, nikampa mpishi wa Broughton (huyo nimembuni, msiniulize) usiku anatengeneza baiskeli: ya kulia anaitia kushoto, inakataa, anaipangusa grisi kwa aproni, anazungusha tena, inakataa. Tunaruka kortini, Morris anasema sentensi mbili tu. Mpwa wangu wa darasa la sita alielewa kabla ya jaji.

Halafu jamani msimpe jaji nyundo, korti ya Mwingereza haigongi nyundo. Mtu wa vifaa alileta moja imeng'arishwa vizuri, mpaka leo amenuna.

Buick tulikosa, kukodi gari la kale ni bei ya ploti. Lakini waliomkuta Erroll ni vijana wawili Waafrika wa lori la maziwa, saa tisa usiku hivi, na taa za gari zilikuwa bado zinawaka, kwa hiyo tukabaki ndani ya lori na wao, mbele taa mbili gizani na mmoja anashuka polepole. Hizo taa ni tochi zimefungwa kwenye fimbo. Mwenye pesa hajaulizia Buick hata siku moja, bado anaulizia muuaji.