Jinsi nilivyopata taa tatu nyeupe

"Dada, shusha chuma haraka. Kikigonga kifua kitarudi chenyewe." Huo ndio ushauri niliopewa kwenye jimu ya mtaani Nairobi, na mnyanyuaji ambaye kila mtu pale alimsikiza. Kwa anayejenga mwili tu, labda hauna ubaya. Mimi nilikuwa najiandaa kwa mashindano ya walemavu ya kusukuma chuma ukiwa umelala kwenye benchi, na ushauri ule ulinipotezea msimu mzima. Hadi leo nikimsikia mtu akiurudia, damu inanichemka.

Mimi niliugua polio utotoni na hutembea kwa magongo, kwa hiyo mabega yangu yamezoea kubeba mwili. Nguvu hazikuwa shida. Mchezo wetu hauna kuchuchumaa wala kuinua chuma kutoka sakafuni. Unalala chali, miguu imenyooshwa na kufungwa mikanda kwenye benchi. Mwamuzi akitoa amri ya kuanza unashusha chuma, kinagusa kifua, kinatulia kabisa, ndipo unasukuma mikono yote miwili inyooke kwa pamoja. Wanyanyuaji wasio na ulemavu huambiwa wakati wa kusukuma. Sisi hatuambiwi. Unaamua mwenyewe, na waamuzi watatu wanakutazama, kila mmoja na taa yake: nyeupe ukifaulu, nyekundu ukikosea.

Mashindano yangu ya kwanza, nilianza na kilo 60, uzani niliokuwa nausukuma bila jasho. Ulipanda vizuri na ukumbi ukashangilia. Taa tatu, zote nyekundu! Nikarudia uzani uleule, nyekundu tena. Mara ya tatu nikapunguza kasi, lakini mkono wa kulia, ambao huwa ndio wenye kazi kubwa kwenye gongo, ukanyooka kabla ya wa kushoto. Nikatoka bila kilo hata moja mbele ya jina langu. Mama mmoja mwamuzi alinifuata nje akaniambia, "Mwanangu, nguvu unazo. Chuma chako hakisimami."

Basi nikabuni dawa yangu. Nilifunga chupa mbili za soda za nusu lita, zenye maji nusu, kwa uzi kwenye ncha mbili za chuma. Mtoto wa kaka yangu alikaa kwenye kigoda mbele ya benchi. Nikishusha, chupa zinabembea, nikisukuma kabla hazijatulia, anapiga kelele, "Shangazi, bado zinacheza!" Chupa moja ikiwa juu kuliko nyingine, anataja upande. Mtoto hana huruma kama kocha, nami nilimpenda kwa hilo. Tulianza na chuma kitupu, kilo 20, na sikuongeza hadi akose la kusema jioni nzima.

Benchi nayo ilikuwa shida. Za jimu ni fupi, miguu inaning'inia na mwili unayumba, ilhali ya mashindano ina urefu wa mita 2.1. Fundi mmoja wa jua kali Kamukunji alinichomelea ya kwangu kwa elfu kadhaa hivi. Mbao na sponji nilijitafutia.

Na tafadhali msikubali kushindishwa njaa ili mwingie kundi dogo la uzani wa mwili. Niliambiwa nijibane hadi kilo 50. Nilikataa, nikala ugali wangu, nikashindana katika kundi la kilo 55 nikiwa na nguvu zangu zote.

Mashindano yaliyofuata nilipata taa tatu nyeupe kwa kilo 65, kisha 70, na medali ya fedha. Nililia palepale kwenye benchi kabla sijafunguliwa mikanda. Wanaosema mchezo huu ni wa wanaume wajue kwamba wanawake tumo Paralimpiki tangu Sydney 2000. Lucy Ejike wa Nigeria alisukuma kilo 142 kule Rio mwaka 2016, katika kundi la kilo 61. Na Hellen Wawira Kariuki wetu alileta shaba ya Jumuiya ya Madola kutoka Birmingham mwaka 2022. Video zake nimezitazama nikizisimamisha pale chuma kinapogusa kifua.

Sasa kuna wasichana wawili wanaokuja kufanya mazoezi uani kwetu. Mmoja anasukuma kilo 45 na ameanza kuomba 50. Nimemwambia chupa zikitulia, nitamwongezea.