Usiku mmoja Safu ya Chumvi, nyayoni mwa wanaomwinda mjusi chui

Barabara ya M-2 kutoka Lahore hupita tambarare tupu mpaka inapovuka Mto Jhelum. Muda mfupi baadaye inainuka ghafla, malori yanaanza kunguruma kwa gia ndogo, na miamba ya kandokando inageuka rangi, nyekundu, kijivu, halafu nyeupe. Hii ndiyo Safu ya Chumvi, safu ya milima katika mkoa wa Punjab, Pakistan. Edward Blyth, aliyekuwa akitunza makumbusho ya Asiatic Society, chama cha wasomi kule Calcutta, India, alimtangaza mjusi chui (leopard gecko kwa Kiingereza), mjusi wa usiku mwenye madoa kama ya chui, kwa wanasayansi mwaka 1854 kwa kielelezo kilichotoka kwenye safu hii hii. Maelfu wanaoishi leo ndani ya masanduku ya vioo Ulaya na Marekani ni wa kufugwa, vizazi na vizazi. Huku porini ndiko mwili wake unakoeleweka, kwa sababu huku ndiko waliko wanaomla.

Tulitoka kwenye barabara kuu pale Kallar Kahar, penye ziwa la maji ya chumvi, tukashika njia ya Choa Saidan Shah inayopita kwenye mahekalu ya kale ya Katas Raj. Ilikuwa Septemba mwanzoni, mvua za masika ya huko zikielekea ukingoni. Wakati huu tuliuchagua kwa makusudi. Jike hutaga mayai mawili mawili, mara kadhaa kwa msimu, na kwenye udongo wenye joto huanguliwa baada ya siku 45 hadi 60 hivi. Septemba basi unakuta wakubwa na watoto kwa pamoja, na wawindaji wao wote bado wako macho. Ukija Januari utakuta mawe tu. Baridi ikishuka mjusi huyu hujichimbia na kuishi kwa mafuta ya mkia wake.

Kwenye mteremko wa korongo tuliloegesha gari jirani nalo, msomaji wa Kenya au Tanzania angetambua mti mmoja papo hapo: mzeituni mwitu, ule ule wa nyanda za juu za kwetu. Chini yake ni changarawe, udongo mgumu na mawe bapa. Mchanga mtupu mjusi chui haupendi, kwa kuwa shimo halisimami ndani yake. Wala hapandi kuta laini kama mjusi kafiri. Vidole vyake havina vile vikunjo vya kunatia, vina kucha tu. Ana pia kope zinazofumba na kufumbua, jambo ambalo mjusi kafiri hana. Kwa hiyo akikabiliwa hawezi kukimbilia darini. Maisha yake yako chini, na kinga yake ya kwanza ni upana wa mwanya anamolala.

Mchana wote tulifanya kazi ya kusoma mianya hiyo. Mjusi aliyekomaa ana urefu wa sentimita 20 hadi 27, mkia ukiwemo, na mwili uliobanwa kidogo juu na chini. Mwanya wa vidole viwili unamtosha. Ukizidi hapo kenge wa Bengal anaingiza kichwa, na nguchiro anaingiza mkono. Hao wawili huwinda mchana, wakati mjusi amelala, na wote hufukua. Alama zao tuliziona mara nyingi: udongo mbichi umerushwa nyuma ukatawanyika kama upepeo, jiwe limesogezwa, ganda la yai limekunjamana. Mayai yake yana ganda laini kama ngozi, hivyo hayabaki vipande vya kuvunjikavunjika kama ya kuku. Dalili ya pango linalokaliwa ni kinyesi, vibonge vyeusi vyenye ncha nyeupe, vyote mahali pamoja. Ngozi aliyojivua usitarajie kuiona, maana huila.

Jiwe huinuliwa kwa fimbo yenye kulabu, kwa kulivuta upande wako, ili uwazi uelekee mbele na jiwe lenyewe liwe ngao ya miguu yako. Vidole visipite chini hata kidogo. Chini ya mawe yale yale hukaa nge, na hukaa nyoka msumeno, mdogo wa nusu mita au pungufu, anayejikunja na kusugua magamba ya ubavuni mpaka yatoe mlio wa mafuta yanayokaangwa. Ukiusikia, acha jiwe lishuke taratibu uondoke. Viatu viwe vya kufunika kifundo, na njia ya kwenda hospitali yenye dawa ya sumu ya nyoka iwe inajulikana kabla ya kushuka korongoni. Aliyeumwa hafungwi kamba wala hachanjwi. Anatulizwa na kupelekwa.

Jua lilizama kama saa kumi na mbili na nusu. Mawe yalikuwa bado yana joto, na hapo ndipo mjusi chui hutoka. Ndipo pia wanapotoka walio hatari zaidi kwake. Bundi mdogo mwenye madoadoa alikuwa tayari ameshatua kwenye tawi la chini, akigeuza kichwa kufuata kila kinachotambaa. Mbweha alibweka ng'ambo. Kwa nyoka usiku una mgawanyo wake: nyoka msumeno hulala njiani akivizia, ilhali karaiti, mweusi mwenye pete nyembamba nyeupe, hupita akiingia shimo kwa shimo. Huyu wa pili ndiye tunayemhesabu mbaya kuliko wote, kwa sababu mwanya ule mwembamba uliomzuia kenge kwake ni mlango wazi.

Wa kwanza kuonekana alikuwa mtoto, amevaa mikanda mipana myeusi na ya manjano. Madoa ya chui huja baadaye, mikanda hiyo ikikatikakatika. Tochi ilipomfikia hakukimbia. Alijiinua juu ya miguu yote minne, akakunja mgongo, akapiga ukelele mkali usiolingana na kiumbe cha gramu chache. Mjusi aliyekomaa angetoroka au kung'ata. Tofauti hii ina maana: mtoto hana mwendo wa kumshinda adui, wala hana mafuta ya kutoa sadaka mkiani, basi anabahatisha kwa kelele. Na maadui zake ni wengi kuliko wa mkubwa. Hata nge mkubwa humla.

Saa tatu usiku tulimkuta mkubwa kwenye changarawe. Alikuwa ameinua mkia, akiuchezesha pole pole kama nyoka, kichwa kimebaki chini kimetulia. Hapo ndipo watu huharibu kwa kumshika. Ule mkia ni mwaliko: njoo ukamate huku, uache kichwa. Ukibanwa, misuli inajikaza, uti unakatika mahali palipoandaliwa ndani ya pingili, mishipa inajifunga, damu inatoka kidogo sana. Kipande kilichoachwa huendelea kuruka na kupinduka, hata kwa dakika 30, na mwindaji hushughulika nacho wakati mwenyewe ameingia mwambani. Mkia mpya huota ndani ya miezi michache, mnene, laini, wenye ufito wa gegedu badala ya mfupa. Tulizima tochi kali, tukabaki na mwanga hafifu hatua tatu nyuma, akaushusha mkia na kuondoka nao.

Kupoteza mkia mwezi wa Aprili ni hasara inayolipika, wadudu wakiwa wengi mbele yake. Kuupoteza Oktoba ni kuingia majira ya baridi bila akiba. Mgeni anayemshika Septemba ili apige picha amemfanyia kazi mbweha.

Kuna na adui mwingine. Wanavijiji wengi wa Punjab huamini kwamba mjusi huyu ana sumu ya kuua, na humponda kwa jiwe akionekana karibu na nyumba. Mchungaji mzee tuliyekutana naye njiani alituambia hivyo hivyo, kwa nia njema kabisa, akitusihi turudi nyuma. Hana sumu yoyote. Tulimwita chacha, kama vijana wa pale wanavyomwita mzee, tukamwomba asogee atazame zile kope zikifumba. Alitazama kwa muda mrefu, akauliza anakula nini. Tukamwambia mende, panzi na nge.

Alfajiri tulipita tena kwenye mawe yote 14 tuliyoyainua, kila moja tukilirudisha kwenye alama yake ya udongo. Jiwe lililokaa vibaya kwa upana wa kidole kimoja zaidi huacha mwanya wa kenge. Saa mbili asubuhi, jua lilipoanza kuchoma, kenge wa kwanza alikuwa tayari juu ya mwamba akijipasha joto, ulimi ukitoka na kuingia.