Uzoefu wangu: Quake ya 1996 kwenye laptopu ya leo

Quake, gemu la kupiga risasi, ilitoka tarehe 22 Juni 1996. Ilidai Pentium ya MHz 75 na RAM ya MB 8 kwenye DOS, mfumo wa kompyuta uliotangulia Windows, au MB 16 ukiwa na Windows 95. Laptopu ya mtumba ya Darajani, Unguja, yenye RAM ya GB 8 inayo mara elfu moja ya hiyo, lakini ukibofya quake.exe ya zamani, Windows inakwambia programu hii haiendani na mashine yako, basi. Gemu halijaharibika. quake.exe ni programu ya DOS, na Windows ya biti 64 haina tena sehemu ya kuendeshea vitu vya DOS.

Wengi hapo hukimbilia glquake.exe, toleo la 1997 lililotengenezwa kwa kadi za picha. Hilo hufunguka nusu sekunde likafa. Nilibadilisha draiva mara tatu bure, kumbe draiva haina kosa. GLQuake inapoamka huiuliza kadi orodha ya uwezo wake wa OpenGL, yaani lugha ya kuiagiza kadi ichore, kisha huiandika orodha yote kwenye konsoli, dirisha la amri la gemu, kupitia nafasi ya herufi 4096. Kadi za zama zile hazikuwa na mengi ya kusema. Kadi ya leo hutoa orodha ndefu kuliko nafasi yenyewe, maandishi yanamwagika nje ya chombo, na programu inaanguka. Kubadilisha draiva hakukuliponya hilo.

DOSBox, programu inayoiga kompyuta ya DOS, inaiendesha quake.exe. Kwenye faili lake la mipangilio weka `memsize=32`, `core=dynamic` na `cycles=max`, na kwa ukubwa wa 320 kwa 200 itakwenda vizuri. Ukipanda 640 kwa 480 inaanza kukokota, kwa sababu DOSBox huiga prosesa nzima kwa kutumia kiini kimoja tu cha prosesa yako, na Quake ina hesabu nyingi za desimali. Anayetaka kuiona sura ya 1996 kama ilivyokuwa, DOSBox inamtosha. Kwa kuchezea siipendekezi.

Kilichonifaa ni kuitupa injini ya zamani, yaani programu inayoliendesha gemu, na kubakisha data. Ramani, picha, sauti na maadui wote wamo ndani ya mafaili mawili, pak0.pak na pak1.pak. Injini ni kitu mbali, na id Software, waliotengeneza Quake, waliutoa msimbo wake chini ya leseni huru ya GPL tarehe 21 Disemba 1999. Tangu hapo watu wameitengeneza upya kwa mashine mpya. Data haikuachiwa: pak1 ni ya kununua. Toleo la majaribio lenye pak0 peke yake, yaani sehemu ya kwanza na ramani zake kuanzia e1m1 hadi e1m8, linaruhusiwa kugawiwa kama lilivyo. Hupatikana kama quake106.zip, kama MB 9 hivi, na bando la siku linatosha. Ndani yake usitafute pak0 moja kwa moja. Utakuta faili linaloitwa resource.1, ambalo ni kifurushi kilichobanwa cha aina ya LHA. Lifungue kwa programu ya 7-Zip na utaikuta folda ya ID1.

Kabla ya kwenda mbele, pima mafaili. Bofya kulia, tazama ukubwa kwa baiti. pak0.pak ya toleo 1.06 ni baiti 18,689,235, na pak1.pak ni baiti 34,257,856. Flashi nyingi zinazozunguka mitaani zina nakala zilizokatika njiani, na faili lililokatika halikwambii kitu mpaka ufike ramani fulani gemu lianguke. Dakika moja ya kupima inakuokoa usiku mzima.

Sasa injini. Zipo nyingi, nami nimebaki na tatu. QuakeSpasm inaendeshwa na kadi dhaifu. Ironwail ni ya kasi zaidi kwenye ramani kubwa zinazotengenezwa na mashabiki, lakini inataka OpenGL 4.3. vkQuake inataka Vulkan, mrithi wa OpenGL. Kwa mitumba yetu swali hili si dogo. Laptopu yenye prosesa ya Intel ya kizazi cha pili, yaani yenye kadi ya Intel HD 3000, haifiki OpenGL 4.3, na hata HD 4000 ya kizazi cha tatu kwenye Windows inaishia 4.0. Kuanzia kizazi cha nne Ironwail inakubali. Andika `dxdiag` kwenye sehemu ya kutafutia ya Windows, fungua ukurasa wa Display, usome jina la kadi. Ukiwa na shaka chukua QuakeSpasm. Kwa ramani za asili hutaona tofauti yoyote ya kasi.

Tengeneza folda `C:\Quake`. Usiiweke ndani ya Program Files, kwani huko Windows huizuia injini kuandika mipangilio na michezo uliyohifadhi. Fungulia humo vyote vilivyomo kwenye kifurushi cha injini, pamoja na mafaili ya DLL. Anayenakili ile .exe peke yake atakosa SDL2.dll na gemu halitafunguka kabisa, au litafunguka bila muziki. Halafu tengeneza folda `id1` na uziweke pak0 na pak1 ndani yake. Ukiona ujumbe `W_LoadWadFile: couldn't load gfx.wad`, maana yake injini haikuiona pak0: ama folda umeiita vyengine, ama umeweka id1 ndani ya id1. Kosa hili la pili ndilo la kila mtu.

Kwenye Ubuntu ni `sudo apt install quakespasm`, kisha `quakespasm -basedir ~/quake`. Huko herufi kubwa na ndogo ni vitu viwili. Data ya CD na ya Steam, duka la gemu la mtandaoni, huja kama PAK0.PAK, na Linux haitaifungua mpaka uibadilishe jina iwe pak0.pak, folda nayo iwe id1.

Gemu likifunguka, ita konsoli kwa kitufe kilicho chini ya Esc. Laptopu nyingi za mtumba zinakuja na kibodi za Kifaransa au Kijerumani, na kitufe hicho huko kina kazi nyengine. Ikiwa yako ni hiyo, bonyeza Shift pamoja na Esc. Juu kabisa kwenye maandishi tafuta `Playing registered version`. Ukikuta `shareware`, yaani toleo la majaribio, pak1 haijasomwa, na hapo ramani za mashabiki hazitakubali: injini hukataa amri ya `-game`, inayozifungua, bila pak1.

Muziki ndio ulionisumbua kuliko vyote. Mwaka 1996 nyimbo za gemu, za mwanamuziki Trent Reznor, hazikuwa faili. Zilikuwa nyimbo za kawaida kwenye CD, na gemu liliiamrisha CD icheze namba fulani. Leo laptopu haina hata tundu la CD. Injini mpya husoma nyimbo kutoka `id1\music`, kwa majina track02.ogg mpaka track11.ogg. Hakuna track01, kwa sababu namba moja kwenye CD ni data ya gemu. Programu nyingi za kutoa nyimbo kwenye CD huanza kuhesabu na wimbo wa kwanza inaousikia, kwa hiyo unapata 01 mpaka 10, na ukiziacha hivyo kila ramani inapiga wimbo usio wake. Sogeza namba zote mbele kwa moja, ukianzia mwisho: 10 iwe 11, 9 iwe 10, hivyo hivyo mpaka chini. Ukianzia mwanzo utayafuta mafaili yako mwenyewe. Mwenye toleo la Steam lililofanywa upya 2021 asihangaike na CD; nyimbo zimo ndani ya `rerelease\id1\music`, azinakili tu. Zikiwa kimya bado, andika `bgm_extmusic 1` na `bgmvolume 0.7`.

Mipangilio yangu naiweka kwenye faili la autoexec.cfg ndani ya id1:

```
+mlook
bind w +forward
bind s +back
bind a +moveleft
bind d +moveright
bind space +jump
cl_alwaysrun 1
sensitivity 4
scr_conscale 3
scr_menuscale 3
scr_sbarscale 3
gl_texturemode GL_NEAREST_MIPMAP_LINEAR
host_maxfps 72
```

Ukiliandika kwa Notepad, chagua All Files wakati wa kuhifadhi. Usipochagua, linakuwa autoexec.cfg.txt na injini inalipita kama halipo. Na jua kwamba faili hili husomwa baada ya config.cfg, ambamo injini huhifadhi mipangilio ya menyu. Ukibadilisha kasi ya mausi kwenye menyu leo, kesho utaikuta imerudi pale pale ulipoiandika.

Mistari mitatu ya scr ni kwa ajili ya kioo cha 1920 kwa 1080, ambacho bila hiyo maandishi yanakuwa kama chawa. gl_texturemode inarudisha picha zenye vijiraba vikali badala ya ule ukungu wa GLQuake. Wapo wanaoupenda ukungu, mimi simo. Upana wa kuona usiuguse. Thamani ya asili ni digrii 90 kwa kioo cha 4:3, na `fov_adapt` ikiwa 1 injini yenyewe inaipanua hadi kama digrii 106 kwa kioo cha 16:9. Wanaoandika `fov 110` juu ya hapo wanajipanulia mara mbili, halafu wanalalamika kichwa kinazunguka.

Ile 72 ya mwisho inahitaji maelezo. Injini ya asili ilihesabu mwendo wa vitu kwa kila fremu, yaani kila picha inayochorwa, na ilijifungia isizidi fremu 72 kwa sekunde. Kwenye injini zilizorithi hesabu hiyo, ukiifungulia kadi ya leo ipige fremu 300, hatua za hesabu zinakuwa ndogo mno: kwenye lifti unatetemeka, unakwama, au lifti yenyewe inakuumiza. vkQuake na Ironwail za karibuni zimetenganisha picha na hesabu za mwendo, huko panda unavyotaka. Kama hujui injini yako ikoje, bakia 72. Washa pia vsync, inayofunga kasi ya picha isizidi kasi ya kioo, kwenye menyu ya Video. Khasa wakati wa kaskazi, chumba kina joto na feni imeshajaa vumbi na chumvi, hakuna haja ya kadi kuchora mamia ya fremu ambazo kioo cha Hz 60 hakiwezi kuzionesha.

Kucheza wengi ndiko kunakonoga, na baada ya tarawehe watu wanne watano wanapatikana kirahisi. Intaneti haihitajiki. Washa hotspoti kwenye simu moja, data uizime, wote wajiunge humo. Mwenye kuwa seva aanzishe `quakespasm -listen 8`, kisha kwenye konsoli aandike `deathmatch 1`, mchezo wa kila mtu dhidi ya wenzake, na `map dm4`. Asome anwani yake kwa `ipconfig`, wengine waandike `connect` na anwani hiyo. Ramani za dm1 mpaka dm6 zimo ndani ya pak1; asiyekuwa nayo hataingia humo, kwa hiyo wakiwepo wa toleo la majaribio chezeni e1m1 au e1m7. Wote watumie injini moja ya toleo moja, mtaepuka mizozo ya protokoli.

Tatizo linalorudi kila mara ni ukuta wa Windows (firewall), unaozuia watu wa nje ya mashine. Watu husoma kwamba Quake inatumia mlango wa UDP 26000, wanaufungua huo peke yake, na bado wenzao wanakwama. Mlango 26000 ni wa kubishia hodi tu. Mgeni akikubaliwa, seva humfungulia mlango mwengine wa namba yoyote, na huo umefungwa. Ruhusu programu yenyewe, usiruhusu namba, na weka alama kwenye Private na Public zote mbili, kwa sababu Windows huichukulia hotspoti ya simu kuwa mtandao wa hadharani.

Mwenye vifurushi vya nyongeza viwili vya 1997 aviweke kando: kimoja kwenye folda `hipnotic`, akianzishe kwa `-hipnotic`, cha pili kwenye `rogue`, kwa `-rogue`. Kila kimoja kina pak0.pak yake. Ukiitia ndani ya id1 na kukubali kubadilisha, umeifuta ile ya asili, na gemu zima halitafunguka mpaka uirudishe ya baiti 18,689,235 kutoka kwenye flashi.