Namna Nilivyookoa Kazi za Mjomba Wangu wa Televisheni

Hitma ya mjomba ilipokwisha hapa kwetu Malindi, mzee mmoja aliyemjua tangu ujanani alisema mbele ya watu kwamba marehemu alikuwa "mtu wa kuchekesha watalii hotelini", na waliokuwapo wakatikisa vichwa kukubali. Nilikasirika mno, kwa sababu mjomba aliigiza pia katika televisheni ya taifa, ingawa sehemu zake zilikuwa ndogo: karani, bawabu, mkwe asiyealikwa, mtu anayeingia na habari mbaya kisha akatoka. Hizo nazo ni kazi, na aliyezifanya kwa bidii anastahili kuhesabiwa moja baada ya nyingine. Baada ya siku chache nilimwendea mkaza mjomba, nikamwomba anifungulie sanduku lake.

Mlikuwamo kaseti kumi na moja za VHS zilizofungwa ndani ya leso, yaani kanga. Vipindi vya televisheni vilirekodiwa na rafiki yake wa Mombasa, na mbili za mwisho zilipigwa na mgeni Mwitaliano kwa kamera yake hotelini, akamletea kama zawadi. Takriban zote zilikuwa zimeota ukungu. Nilipotazama kupitia kidirisha cha plastiki, niliona unga mweupe umetanda kwenye kingo za utepe kama chumvi iliyokaukia jiwe la pwani. Hewa yetu ya bahari, hasa miezi ya masika, haina huruma na vitu vya namna hii.

Hapo ndipo nilipopewa ushauri ambao hadi leo unanichoma. Fundi mmoja aliniambia nizianike juani. Nilianika moja asubuhi juu ya paa; kufikia alasiri ganda lilikuwa limepinda na kingo za utepe zimejikunja, na kilichokuwamo kimepotea kabisa. Fundi wa pili akasema niiingize nyingine katika mashine, kwamba uchafu utatoka wenyewe. Picha ilikuwa chenga tupu, na ule ukungu ukaganda kwenye kichwa cha kusomea, hata kaseti safi niliyoijaribu baadaye nayo ikaonyesha chenga. Ilinibidi nifungue mashine na kusafisha kichwa kwa spiriti. Nawasihi wenye kaseti za wazee wao: yenye ukungu isiingizwe kwenye mashine hata kwa dakika moja.

Njia iliyofaa niliibuni kwa kwenda duka la viatu. Nilimwomba mwenye duka vile vipakiti vidogo vya chembechembe za kunyonya unyevu vinavyowekwa ndani ya masanduku ya viatu, naye akanikusanyia mfuko mzima bila kunitoza kitu. Nilivipanga pamoja na kaseti katika ndoo ya plastiki yenye kifuniko kinachobana, nikaiacha chumbani kwa wiki mbili na zaidi, mpaka ule unga ukakauka kabisa. Kisha nilikaa uani, upepo ukinipiga mgongoni, nimefunga pua na mdomo, nikafungua skrubu tano za kila kaseti na kupangusa kingo za utepe kwa brashi laini. Baada ya kuzifunga tena niliuzungusha utepe kwa mkono, ukipita taratibu katikati ya kitambaa kikavu kisichotoa nyuzi. Magurudumu ya VHS hujifunga yenyewe kaseti inapokuwa nje ya mashine, na nilihangaika jioni nzima kabla ya kugundua kwamba kuna kishimo katikati ya upande wa chini. Ukikibonyeza kwa kalamu, yanaachia. Kifaa cha kuingiza picha katika kompyuta kilinigharimu kama elfu tatu hivi. Kazi iliyobaki ilikuwa kusubiri tu, kwa kuwa kaseti ya saa tatu huchukua saa tatu.

Jamaa zangu walishikilia kwamba mjomba aliacha televisheni enzi za Sauti ya Kenya, kabla shirika hilo la utangazaji la taifa halijawa KBC mwaka 1989. Kaseti ya nne ilimaliza ubishi. Yule rafiki aliwahi kubonyeza kitufe mapema, akanasa mwisho wa taarifa ya habari, na msomaji anasikika akisema kwamba Nelson Mandela alitoka gerezani jana. Mandela alitoka tarehe 11 Februari 1990, kwa hiyo ni jioni ya tarehe 12. Tena hakikuwa kipindi cha zamani kilichorudiwa, kwa maana baada ya majina ya waigizaji inatokea nembo ya KBC. Mjomba yumo, amevaa kanzu na koti, anasema maneno yasiyozidi thelathini, na anayatamka kwa utulivu wa mtu anayejua kwamba mchezo ungeyumba asingekuwapo.

Kaseti za hotelini zilikuwa rahisi, kwani kamera iliandika tarehe pembeni mwa picha: Agosti 1994 na Desemba 1996. Kati ya ngoma ya Kigiriama na wanasarakasi, mjomba ndiye aliyeukamata usiku wote, akitangaza kwa Kiswahili na Kiitaliano, kisha akifanya kiinimacho chake cha leso. Baada ya vurugu za Likoni, Mombasa, za Agosti 1997 watalii walipungua, maonyesho yakakatwa, naye akarudi kwenye arusi na shule.

Orodha yangu sasa ina vipindi kumi na vinne, na nimempelekea nakala yule mzee wa hitma. Mkaza mjomba alitazama yote kimya mpaka tulipofika Desemba 1996, pale mjomba anapovuta leso nyekundu kutoka katika mkono wa kanzu, fundo baada ya fundo. Akaniambia, "Hebu rudisha nyuma, mwanangu." Nikarudisha. Akausogeza uso wake karibu na kioo, akasoma jina la leso kwa sauti, kisha akasema kwamba ni ile aliyoolewa nayo, na kwamba aliitafuta mwaka mzima.