Kamera iliyoona kifungo cha koti

Usiku wa kuamkia ufunguzi wa maonyesho, kila kitu kilikuwa kimeshafungwa na kinafanya kazi, ila mashine haikumwona msanii mwenyewe aliyeibuni.

Mashine ilifanya kazi hivi: mtu anasimama mbele ya pazia, kamera iliyo juu inaunasa uso wake, programu inauchanganya na nyuso za waliomtangulia, kisha projekta iliyo nyuma ya pazia inamrudishia sura ambayo ni yake na si yake. Pazia lilikuwa na upana wa mita 3, lenzi ya projekta ya uwiano wa 0.8 (umbali ukigawanywa kwa upana wa picha), kwa hiyo projekta ilikaa mita 2.4 nyuma. Huko hakukuwa na tatizo.

Fundi wa taa, mzungu, akisimama kwenye alama ya sakafuni, mraba wa kijani unauzunguka uso wake papo hapo. Msanii, mweusi tii, akisimama palepale, programu inaandika "hakuna mtu". Akasogea kidogo, mraba ukaibuka na kushika kifungo cha koti lake. Watu walicheka. Yeye hakucheka.

Lawama zote zikaenda kwa programu. Ilitumia njia ya Viola na Jones ya mwaka 2001, ambayo hutafuta tofauti za mwanga na giza: ukanda wa macho uwe na giza kuliko mashavu, mgongo wa pua ung'ae kuliko macho yaliyo kando yake. Lakini tofauti hiyo lazima kwanza ifike kwenye picha. Ukuta wa nyuma ya anayesimama ulikuwa mweupe na kamera ilikuwa kwenye otomatiki, ikijipangia yenyewe kiasi cha mwanga. Ikaupima ukuta, ikabana mwanga. Uso mweusi ukazama chini kabisa ya kipimo cha mwangaza wa picha, 0 (giza) hadi 255 (mweupe), shavu na jicho vikamezwa na chenga, yaani vidoa vya ovyo vya picha yenye giza.

Mmoja akasema tupandishe mwanga ndani ya programu. Msanii akakataa, na alikuwa sahihi: ukizidisha pikseli, unazizidisha na chenga zake.

Tulitundika kitambaa cheusi ukutani, tukazima otomatiki. Kuongeza taa za kawaida hadi kamera iridhike kungeifuta picha ya pazia, kwa hiyo tukaweka taa za infraredi, miale ambayo jicho halioni, za nanomita 850 na kamera ya pili isiyo na kichujio cha kuzuia miale hiyo. Melanini, rangi ya asili ya ngozi, hufyonza infraredi kidogo sana kuliko mwanga unaoonekana, hivyo nyuso zote zikapatikana, ya msanii ikiwemo.

Ubishi ukaanza upya. Kwenye infraredi kila mtu ana ngozi ya majivu, na kazi nzima ilihusu utambulisho! Tukakubaliana: infraredi itafute uso ulipo tu, picha itoke kwenye kamera nyingine ya rangi, shata ikifunguka kwa 1/30 ya sekunde, ikisaidiwa na taa 2 za LED zilizofifishwa, kila moja upande wake kwa nyuzi 45. Ukiiweka taa karibu na lenzi, paji la uso linameta na umbo la uso linapotea. Kasoro ikabaki moja: kamera zimeachana sentimita kadhaa, kwa hiyo mtu akilikaribia pazia kupita alama, mraba unateleza hadi sikioni.

Kamera ya kwanza, msanii hakutaka itupwe. Aliihamishia mlangoni na skrini ndogo, ikiendelea kutangaza "hakuna mtu", na pembeni akabandika matokeo ya watafiti Joy Buolamwini na Timnit Gebru ya mwaka 2018: programu 3 za kibiashara za kutambua jinsia kwa uso, makosa hadi asilimia 34.7 kwa wanawake weusi, yasiyozidi 0.8 kwa wanaume weupe. Kwangu mimi, skrini hiyo ilisema mengi kuliko pazia kubwa. Ila nayo ilikuwa na masharti: mlangoni ukuta ulikuwa wa kijivu, kamera ikaanza kumwona kila mtu, ikabidi tuusimamishe ubao mweupe nyuma ya wageni ili ishindwe tena.