Kuhifadhi Vitu Vilivyotengenezwa Visijulikane

Anayekusanya stempu husaidiwa na stempu yenyewe, kwa sababu nchi na thamani yake vimechapwa juu yake. Sisi tunaokusanya vifaa vya kijasusi vya zamani mara nyingi hatuna msaada huo, kwani vingi vilitengenezwa kwa makusudi visitiliwe shaka, na vingine vilikusudiwa kuteketezwa mara tu baada ya kutumika.

Mfano unaonivutia kuliko yote ni sarafu ya senti tano iliyomfikia kijana muuza magazeti huko Brooklyn, Marekani, mwaka 1953. Ilipoanguka iligawanyika vipande viwili, na ndani yake mkaonekana picha ndogo mno yenye safu za tarakimu. Katika herufi R ya neno TRUST palikuwa na kitundu cha kupitishia ncha ya sindano ili sarafu ifunguke. Tarakimu hizo hazikufumbuliwa hadi mwaka 1957, jasusi wa Kisovieti Reino Häyhänen alipojisalimisha na kueleza siri zake, jambo lililowezesha pia kukamatwa kwa Rudolf Abel, jasusi mwingine wa Kisovieti. Bila kumbukumbu za upelelezi huo, sarafu ile ingekuwa chuma kilichoharibika tu. Kwa hiyo kabla ya kununua chochote huuliza kwanza hati za umiliki: kilitoka kwa nani, kikapitia wapi, na nani anathibitisha hayo.

Tahadhari hiyo ina sababu. Baada ya Umoja wa Kisovieti kuvunjika mwaka 1991, kamera nyingi zilizogongwa nembo ya KGB, idara ya ujasusi ya Kisovieti, zimeuzwa kwa watalii na wakusanyaji, ilhali hakuna idara ya siri yenye akili timamu ambayo ingeweka nembo yake kwenye kifaa anachobeba jasusi.

Ukishapata kifaa halisi, usikimbilie kuking'arisha. Kamera ndogo ya Minox, iliyotumiwa na majasusi kupiga picha hati, iliyobuniwa na Walter Zapp na kuanza kutengenezwa Riga mwaka 1938, ilikuja kuuzwa pamoja na mkufu wenye vifundo vya kupimia umbali kati ya lenzi na hati, kuanzia sentimita 20. Vifundo vilivyolika na mikwaruzo iliyo pale vidole vilipokuwa vikishika ni ushahidi wa matumizi, na dawa ya kung'arisha huufuta ushahidi huo moja kwa moja. Vaa glavu, ondoa betri za zamani kabla hazijavuja, na udhibiti unyevunyevu. Kwa chuma, hayo kwa kawaida yanatosha.

Filamu na karatasi ndizo zinazodai uangalifu mkubwa zaidi. Filamu ya asetati, aina ya plastiki, ikianza kunuka siki, itenge na nyingine siku hiyohiyo, kwa kuwa mvuke wake wa asidi huharakisha kuoza kwa zilizo jirani. Vijitabu vya tarakimu za siri vilivyochapwa kwenye selulosi naitreti, ambayo hushika moto kwa kasi ya ajabu, visikae kabisa sanduku moja na vitu vingine: vipige picha kila ukurasa mapema, kisha uviweke mahali penye ubaridi, mbali na moto.