Nimelitafuta jengo la manispaa, wapi!

Jana nimezunguka uwanja wa Altmarkt, Dresden, Ujerumani, nikitafuta hata jiwe la jengo la zamani la manispaa. Wapi! La kwanza lilikaa katikati ya uwanja hadi 1707, mtawala wa Saksonia, August aliyeitwa Mwenye Nguvu, alipoamuru livunjwe kwa sababu lilimbania nafasi ya sherehe zake (mtu na anasa zake!). Lililofuata, la mtindo wa baroko (ule wa Ulaya wa kale wenye mapambo mengi), kazi ya msanifu majengo Johann Christoph Knöffel, lilijengwa pembeni, 1741 hadi 1745. Miaka mia mbili baadaye, mabomu ya Vita vya Pili vya Dunia, Februari 1945, yakaliteketeza. Halikujengwa tena. Miaka ya 1950 yakaja maghorofa yenye maduka chini, yanayojaribu kuiga baroko hiyohiyo. Mimi hayajanivutia kabisa.